Nanga Huenda na Chombo

Katika Kiswahili cha Kenya, karibu kila kitu hung'oa nanga. Ligi kuu hung'oa nanga Jumamosi. Mitihani ya kitaifa hung'oa nanga, kampeni ya chanjo hung'oa nanga, tamasha la muziki hung'oa nanga hata kama linafanyika Kakamega, ambako bahari ni habari ya kusikia. Nimehariri habari za Kiswahili kwa miaka tisa, na sidhani imewahi kupita wiki bila msemo huu kufika mezani kwangu. Siulalamikii. Unakaa vizuri kwenye kichwa cha habari, una mwendo, na msomaji haulizi nanga yenyewe iko wapi.

Mimi huuliza, kwa sababu nililelewa na mtu aliyezing'oa.

Babu yangu, mzaa baba, alikuwa baharia wa majahazi kati ya Lamu, Malindi na Mombasa, kabla malori hayajamnyang'anya mizigo. Kwake yeye, kung'oa nanga hakukuwa kuanza. Mambo ya kuanza yalikuwa yamekwisha zamani: maji ya kunywa yamejazwa, boriti zimepangwa, tanga limetiwa viraka, nahodha ameutazama upepo na kuridhika nao. Kung'oa nanga ilikuwa kazi moja mahususi. Mnashika amari, ile kamba nene ya nanga, na mnavuta kwa pamoja huku mkiimba. Kinachosogea kwanza ni chombo, kinaifuata nanga pale ilipo. Kamba ikishasimama wima, chombo kikiwa juu yake sawasawa, ndipo kazi hasa inapokuja, maana nanga imejichimbia kwenye tope na haitaki kutoka. Hiyo ndiyo sababu ya neno lenyewe. Watu hung'oa jino, hung'oa kisiki, hung'oa muhogo. Kitu kilicholala tu juu ya mchanga haking'olewi, huokotwa.

Nilipokuwa mdogo nilimuuliza, "Na ikishang'oka, mwaifanyaje?"

Akanitazama kwa mshangao. "Twaipandisha chomboni. Wewe wadhani twaiwacha?"

Kwa kweli ndivyo nilivyodhani. Na nikisikiliza jinsi tunavyoutumia msemo huu leo, naona wengi wetu tunadhani hivyo hivyo: kwamba kung'oa nanga ni kujikata na kilichokushika, ukaenda zako mwepesi. Lakini baharia haachi nanga. Huipakia pamoja na tope lake, kwa sababu mbele ya safari kuna mahali atahitaji kusimama. Chombo kisicho na nanga kinaweza kuondoka vizuri sana. Shida yake ni kufika.

Waingereza nao wana neno la mabaharia la hatua hii hii, na wao pia limewachanganya. Husema nanga iko "aweigh", yaani imeng'oka chini na uzito wake wote sasa unaning'inia kwenye mnyororo. Kuanzia hapo meli huhesabiwa kuwa iko safarini. Kwa sababu neno hilo hutamkwa sawa na "away", watu wengi hulisikia kama "nendeni mbali", na hata wimbo maarufu wa wanamaji wa Marekani wa mwaka 1906 wenye jina hilo huandikwa vibaya mara nyingi. Kumbe neno linahusu uzito. Nanga haijaenda mbali na mtu, imebebwa.

Nilirudi kuyafikiria haya Aprili 2023, wakati Kenya iliposubiri setilaiti yake ya Taifa-1. Safari iliahirishwa zaidi ya mara moja kwa sababu ya hali ya hewa, na chumba chetu cha habari kikakaa macho siku baada ya siku kama mabaharia wanaongoja upepo. Hatimaye, asubuhi ya tarehe 15, ikaondoka Vandenberg, California, ndani ya roketi ya Falcon 9 ya kampuni ya SpaceX, pamoja na setilaiti nyingine nyingi za watu wengine. Mwenzangu kijana akageuka kwenye kiti chake.

"Boss, tuseme 'Taifa-1 yang'oa nanga'. Inabamba."

"Inabamba," nikamwambia. "Lakini nanga yake ni gani?"

Akacheka. Tukaandika "yarushwa", kama magazeti yote.

Kurusha ndilo neno tulilolizoea kwa roketi. Ni neno la mkono: unarusha jiwe, unarusha mpira, unarusha mshipi baharini. Kiingereza nacho, ukichimba chini ya "launch", unakuta mzizi wa Kifaransa cha kale wa kutupa mkuki. Neno hilo likahamia kwenye mashua inayoshushwa majini, kisha kwenye roketi. Kiswahili cha pwani kina neno lake la mashua hiyo: kushua. Chombo kipya, au kilichokuwa nchi kavu kikitengenezwa, hushuliwa. Hiyo ni kazi ya ufukwe mzima. Magogo yanatandikwa, watu wanajipanga huku na huku, na hata mpita njia anaitwa aje atie bega. Sijawahi kuona gazeti likisema roketi imeshuliwa. Tulichukua neno la jiwe, tukaliacha la mashua.

Na hili linanishangaza kidogo, kwa sababu hapa kwetu roketi ziliwahi kuondoka baharini kabisa. Ngomeni, kaskazini mwa Malindi, Waitalia walisimamisha majukwaa ya chuma yenye miguu iliyokanyaga sakafu ya bahari. Jukwaa la kurushia liliitwa San Marco, na la uongozaji Santa Rita. Mahali hapo palichaguliwa kwa kuwa ni karibu na ikweta, kama nyuzi tatu kusini yake. Dunia kwenye ikweta huzunguka kwa kasi ya takriban kilomita 1,670 kwa saa, na roketi inayoelekea mashariki huazima kasi hiyo bure. Pia mashariki ya Ngomeni hakuna kijiji cha kuangukiwa na vipande, ni maji matupu. Kati ya 1967 na 1988, setilaiti tisa ziliondoka pale kwa roketi za Scout za Kimarekani.

Inayojulikana zaidi iliondoka tarehe 12 Desemba 1970. Kwa kuwa ilikuwa sikukuu yetu ya uhuru, Marjorie Townsend wa NASA, aliyesimamia mradi, akaiita Uhuru. Ilikuwa setilaiti ya kwanza kutengwa kwa ajili ya kuchunguza miale ya eksirei kutoka angani. Ilifanya kazi hadi Machi 1973, na orodha iliyotokana nayo ina vyanzo 339 vya miale hiyo. Riccardo Giacconi, mwanasayansi aliyeiongoza kazi hiyo, alipata Tuzo ya Nobel mwaka 2002. Setilaiti yenyewe ilianguka na kuungua angani mwaka 1979.

Shangazi yangu aliolewa Ngomeni, na yeye humwita kila Mzungu wa zamani "wa San Marko". Jina la Kiswahili lilipaa kutoka maji ya wavuvi wa Kiswahili, lakini nikimuuliza shangazi siku ile ilikuwaje, husema tu: "Walirusha kitu chao." Sentensi hiyo ina sarufi ya haki kabisa. Mrushaji anajulikana, na kitu ni chake. Kinachorushwa hakiulizwi, na hakiwezi kujisimamisha chenyewe. Jiwe halina nanga.

Wanaoenda wenyewe huwa na neno jingine. Yuri Gagarin, tarehe 12 Aprili 1961, roketi yake ilipoanza kuinuka, alisema "Poyekhali!" Kwa Kirusi ni neno la kila siku la watu walioingia garini, sawa na la makanga wetu anapogonga bodi ya matatu: twende! Wanaobaki nao wana lao. John Glenn alipoondoka tarehe 20 Februari 1962 kwenda kuizunguka dunia, mwenzake Scott Carpenter, aliyebaki chini, alimwambia "Godspeed, John Glenn." Wengi husikia humo mbio. Asili yake haina mbio, ni dua: Mungu akufanikishe. Sisi tungesema Mungu akutangulie.

Kwa hiyo safari moja ina maneno matatu, na ukilisikia neno unajua msemaji amesimama wapi. Aliye na nguvu ya kutuma husema narusha. Anayebaki huomba dua. Anayekwenda husema twende, au, kama ana chombo chake, ng'oa nanga.

Nisingeyapanga hivi kama si mdogo wangu wa kike. Mwaka uliofuata ule wa Taifa-1 alipata kazi ya nyumbani Saudia kupitia wakala mmoja wa Nairobi. Ana umri wa miaka 26, ana mtoto, na hoteli aliyokuwa akifanya kazi Malindi ilikuwa imepunguza watu. Jumatatu moja akanionyesha ujumbe kutoka kwa wakala: "Group yenu tunairusha Alhamisi. Mje na passport."

Tunairusha. Kwa Sheng, kurushwa pia ni kutapeliwa, na sote wawili tulilisikia hilo bila kulisema. Tunazijua habari. Katika mfumo wa kafala, kibali cha mfanyakazi cha kuishi nchini hufungwa kwa mwajiri wake. Pasipoti zikachukuliwa, simu zikachukuliwa, na wapo dada zetu waliorudi ndani ya majeneza. Sikuwa na haki ya kumkataza. Ada ya shule ya mwanawe mimi siilipi.

Nikampigia shangazi. Hakuuliza maswali mengi. Alipanda basi la usiku, na Jumatano asubuhi alikuwa sebuleni kwangu na sindano yake. Ndani ya pindo la sketi nyeusi alishona kitambaa chenye namba za simu zilizoandikwa kwa kalamu isiyofutika: ya ubalozi wa Kenya, ya binamu yetu aliye Jeddah, yangu. Mimi nilipiga picha mkataba na pasipoti, kurasa zote. Pesa za tiketi ya kurudi tulizichanga, tukaziweka kando, na tukaapa haziguswi hata kwa msiba. Tukakubaliana neno moja la kawaida ambalo akilitaja kwenye simu, tujue hali ni mbaya na hawezi kusema. Jirani yangu Mkikuyu, asiyejua bahari, alikuja na chaja ya ziada na soksi nzito kwa sababu alisikia nyumba za kule zina baridi ya mashine.

Nilipoangalia sebule ile nikaliona neno la babu. Kila mtu alikuwa ametia bega. Tulikuwa tunamshua.

Lakini nanga ilikuwa ya kwake. Namba zile, nakala zile, neno lile, tiketi ile: vyote vilikuwa vitu vizito vya nyumbani ambavyo alikuwa anavipandisha chomboni, vimkae, avitupe majini mwenyewe siku akihitaji kusimama. Wakala angeweza kusema anavyotaka. Kama mtu ana kitu cha kumsimamisha na cha kumrudisha, hajarushwa.

Uwanjani, wasichana wa kundi lao walivaa fulana za rangi moja, na kijana mmoja akawahesabu kwa kidole. Mdogo wangu alimpita shangazi, akamshika mkono, akambusu. Shangazi akasema, "Mungu akutangulie, mwanangu." Yeye akatugeukia wote akasema, kwa sauti ya makanga, "Haya, twende!" Tukacheka, na tukalia.

Mwezi wa nane mshahara ulikatika. Ulikatika wa pili, ukakatika wa tatu. Alikuwa bado na simu, lakini ilikuwa ikikaguliwa, kwa hiyo siku moja akampigia shangazi kumuuliza habari za mbuzi ambaye hatujawahi kumfuga. Hilo ndilo lilikuwa neno letu. Binamu wa Jeddah alipiga simu kwa niaba yake, mimi nikapeleka nakala za mkataba kunakohusika, na baada ya wiki saba mwajiri akalipa. Tulimwambia arudi, tiketi ipo. Akakaa kimya kidogo, kisha akasema atamaliza mkataba wake, amebakiza mwaka mmoja na kidogo, na sasa wanajua ana watu.

Juzi usiku nimepata ujumbe wake wa sauti. Nyuma yake kulikuwa na mlio wa selotepu inayofunga boksi. "Kaka, nafika Jumapili saa kumi alfajiri. Njooni na gari kubwa, nina mizigo. Na umwambie shangazi ile sketi bado ninayo."