Deni Lililokaa Kwenye Mita

Mpwangu Asha,

Ujumbe wako nimeusoma, na zile picha za risiti nimezikuza nikazitazama vizuri. Nimefurahi kwamba umeuliza kwanza pesa yako imekwenda wapi. Huyo fundi anayesifiwa na jirani yako kwa kuchezea mita usimkaribishe hata mlangoni. Mita ikikutwa imechezewa, utakayeulizwa ni wewe uliyemo ndani, na hata dai lako la haki hakuna atakayelisikiliza.

Tufanye hesabu. Saluni yako iko daraja la T1, uniti moja shilingi 292. Weka juu yake VAT asilimia 18, tozo ya REA ya umeme vijijini asilimia 3 na ya EWURA, msimamizi wa huduma hii, asilimia 1, inafika shilingi 356 na senti kidogo. Maana yake elfu kumi inatakiwa ikupe uniti 28. Ununuzi wa kwanza wa mwezi unakatwa pia kodi ya jengo, shilingi 1,500 kwa nyumba ya kawaida, kwa hiyo ungepata kama 24. Wewe umepata 12. Shilingi 4,200 na ushee zimemezwa na neno moja kwenye risiti: deni.

Kodi ya jengo usiichanganye na habari ya deni. Serikali inaikusanya kupitia LUKU, yaani umeme wa kulipia kabla, tangu 2021, lakini mdaiwa ni mwenye nyumba. Wewe mpangaji unamlipia tu. Kwa mwaka ni shilingi 18,000. Tunza risiti, mwendee mzee mwenye nyumba kwa adabu, mkubaliane akukatie kwenye pango.

Sasa deni lenyewe. Mita haijui nani kahama na nani kahamia. Uliniambia kabla yako palikuwa na muuza samaki mwenye mafriza, na huenda deni ni lake. Huenda pia waliwahi kuja wakaguzi wakaandika jambo. Usibashiri, na usikubali kuambiwa "mfumo ndio unaonyesha hivyo". Anayekudai ndiye wa kueleza anadai nini, cha lini, na amekipataje.

Kwa hiyo andika barua kwa meneja wa ofisi ya umeme ya hapo kwenu. Weka namba ya mita, tarehe mkataba wako wa pango ulipoanza, kila ununuzi na tarehe yake, kiasi ulicholipa na uniti ulizopata. Kisha omba mchanganuo wa deni kwa maandishi, na kama kulikuwa na ukaguzi, nakala ya fomu yake yenye jina na sahihi ya aliyekuwepo siku hiyo. Omba pia makato yasimame mpaka ujibiwe. Ambatisha nakala ya mkataba na risiti. Toa barua nakala mbili, upeleke mwenyewe, na yako igongwe muhuri wa kupokelewa wenye tarehe. Bila muhuri huo, kesho utaambiwa hukuwahi kufika. Mali bila daftari hupotea bila habari, na malalamiko nayo ni hivyo hivyo. Yule dada wa dirishani usimfokee. Deni hakuliweka yeye, na huenda ndiye atakayekuonyesha mlango wa meneja.

Wakinyamaza, au wakijibu jibu lisilojibu, peleka jalada lote EWURA. Ndiyo mamlaka iliyoundwa kwa sheria ya 2001 kusimamia huduma za nishati na maji, na kupokea malalamiko ya mteja ni kazi yake, si hisani. Watawakutanisha kwanza kwa usuluhishi; mkishindwana shauri litasikilizwa na kuamuliwa, na asiyeridhika anaweza kukata rufaa Baraza la Ushindani. Ukikwama kwenye kuandika, lipo Baraza la Ushauri la Watumiaji, EWURA CCC, lililowekwa kumsemea mtumiaji kama wewe. Lakini anza ofisi ya umeme. Ukiiruka, utarudishwa huko huko.

Najua utasema elfu nne haitoshi kufungia saluni asubuhi nzima. Wengi husema hivyo, na ndiyo maana makato ya namna hii hukaa miaka bila kuulizwa. Wewe unanunua umeme karibu kila wiki. Hesabu elfu nne hizo mpaka mwisho wa mwezi, uone kama hazigusi posho ya yule binti anayekusaidia kusuka. Hilo ni jasho lenu wawili, Asha, na sipati usingizi nikiona linaondoka kwa jina la mtu mwingine.

Rasimu nitumie kwa WhatsApp kabla ya Jumamosi niipitie. Na huyo muuza samaki, kama mwenye nyumba ana namba yake, iombe. Tarehe aliyohama tutaihitaji kwenye barua.

Mjomba wako