Kwao ni Mbagala

Kila mwaka huwauliza wanafunzi wangu wapya: kwenu ni wapi? Kijana aliyezaliwa na kukulia Mbagala hunitajia mkoa wa babu yake, mahali alikofika mara mbili tu, zote kwa ajili ya msiba. Kule kijijini huitwa mtoto wa mjini. Huku mjini huulizwa kabila lake. Huambiwa kuwa mwacha asili ni mtumwa. Lakini asili yake ni ipi, kama si mtaa uliomlea?

Vijana wa Tandale na Manzese walilijibu swali hilo kwa singeli, muziki wa kasi walioubuni wenyewe, nao wakubwa wakauita uhuni. Dola nayo ilikwisha kuwa na jina lake: mzururaji, tuliloachiwa na sheria za mkoloni. Tarehe 4 Desemba 2020, Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu, yenye makao yake Arusha, ilitoa maoni ya kishauri kwamba sheria za uzururaji haziendani na Mkataba wa Afrika.

Ndugu zangu watumishi wa umma, kijana aliyeketi kibarazani saa nne asubuhi huenda anasubiri kibarua. Kumkamata kwa kukosa kazi ni kumwambia kwamba hata hapo alipozaliwa si kwao. Naye asiyekuwa na kwao humfuata yeyote atakayemkaribisha, awe mwema au mwovu. Tukubali, basi, kwamba Mbagala ni jibu kamili.