Mhariri Aliyeshuka Shimoni

Kedowa haina jumba la sinema. Ina stesheni kwenye ile reli iliyofika ziwani mwaka 1901, ina viazi, ina ng'ombe wa maziwa, na ukishika barabara ya Kericho hukawii kuyaona mashamba ya chai. Filamu nzito, basi, aghalabu huingia Kedowa kwa kinywa cha aliyetoka mjini. Ndivyo mwanafunzi mmoja, akiwa likizoni, alivyojikuta akimsimulia nyanya yake filamu ya Shimoni huku mkongwe huyo akikama.

Alianza vibaya. Alitaka kueleza kwanza kwa nini Geoffrey, mwalimu wa Kiingereza, alifungwa, ndipo amtoe gerezani. Filamu yenyewe haina haraka hiyo. Inampeleka mfungwa huyo kijijini, inampa kazi kwenye shamba la ng'ombe wa maziwa, kisha inanyamaza. Humo kijijini yumo mtu aliyemwumiza utotoni, na mtazamaji huiona hofu kabla ya kuambiwa chanzo chake. Mwanafunzi aling'amua kwamba kila alipoongeza maelezo, hadithi ilipungua nguvu.

Kunyamaza huko kuna mwalimu wake. Angela Wanjiku Wamai, Mkenya aliyeiandika na kuielekeza Shimoni, hakuanzia kwenye kiti cha mwelekezi. Alisomea uhariri wa filamu nchini Kuba, katika chuo cha San Antonio de los Baños kilichoanzishwa mwaka 1986, Gabriel García Márquez akiwa miongoni mwa waasisi wake (wapenzi wa riwaya na walifurahie hilo). Akawa mhariri, akikata na kuunga picha zilizopigwa na wengine. Mwaka 2014 alitoa filamu fupi, I Had to Bury Cucu, kuhusu mwanamke anayelazimika kurudi kijijini kumzika nyanya yake na kukabiliana na yaliyompata huko. Shimoni, filamu yake ndefu ya kwanza, ilionyeshwa Toronto mwaka 2022; mwaka uliofuata ilitwaa Farasi wa Shaba katika tamasha la FESPACO, Ouagadougou. Wengine waliwahi kuipita njia hiyo. Mwingereza David Lean alikuwa mhariri miaka mingi kabla ya kuelekeza filamu.

Wako wanaosikitika kwamba Kiswahili kinatumia neno moja, mhariri, kwa anayesarifu makala na kwa anayesarifu picha. Hakuna haja ya kusikitika. Wote wawili hulipwa kwa kujua cha kuacha. Mchumaji chai wa Kericho anaifahamu kazi hiyo: huchukua majani mawili na chipukizi, yaliyokomaa akayaacha kichakani. Tofauti ni kwamba jani lililoachwa halimsumbui mnywaji, ilhali picha iliyokatwa na mhariri stadi hubaki ikimkera mtazamaji. Hata jina la filamu limebanwa vivyo hivyo. Mwenyeji wa pwani akilisikia atafikiria Shimoni ya Kwale na mapango yake. Filamu haiko huko, lakini kile kiambishi -ni cha mahali kinafanya kazi kubwa kuliko aya nzima ya ufafanuzi: mtu yumo ndani ya shimo, na hatuambiwi ni nani aliyelichimba.

Jioni ya pili mwanafunzi alisimulia upya. Safari hii aliacha kosa la Geoffrey hadi lilipohitajika, akamtaja yule mtu wa utotoni kwa sentensi moja tu, kisha akatulia. Maziwa yaliendelea kulia ndani ya ndoo. Bibi hakuuliza Geoffrey alifungwa miaka mingapi wala tuzo ilikuwa ya nini.

"Na wanakijiji," aliuliza kwa Kikipsigis, "walijua?"

Mwanafunzi alikuwa na jibu la kihakiki tayari, lenye istilahi za darasani. "Kogo," alianza, lakini bibi alikuwa amesimama, ameinua ndoo, anatazama upande wa nyumba fulani ng'ambo ya reli ambako moshi wa jioni ulikuwa ukipanda.

"Hata sisi tulijua," alisema, akaingia ndani kuchuja maziwa.