Ubishi wa Filamu: Kutoka Kibanda Umiza hadi Studio

Anayetafuta chimbuko la uhakiki wa filamu kwetu Tanzania asianzie kwenye studio za televisheni. Aanzie vibanda umiza, yaani vibanda vya kuonyeshea video, vile vya Maili Moja na vya miji mingine ya kando ya Barabara ya Morogoro. Filamu mpya ya Hong Kong, India au Nigeria ilimfikia mtazamaji kupitia sauti ya mtafsiri, na Lufufu ndiye aliyevuma kuliko wote. Watafsiri hawa walitafsiri na kuhukumu kwa wakati mmoja: walimsuta jambazi mzembe, wakaubashiri usaliti, wakaeleza mhusika kakosea wapi. Mabenchi nayo yalibisha papo hapo, picha ikiendelea. Wapo wanaosema watafsiri wale walipotosha hadithi, na ni kweli walipotosha sana. Lakini mtazamaji alikuwa na picha mbele yake. Maneno yalipopishana nayo aliona, akapinga, na katika kupinga huko alijifunza kuitazama filamu yenyewe.

Televisheni ya ITV ilipoanza mwaka 1994, na hasa Bongo Movie, filamu zetu wenyewe, iliposhika kasi baada ya filamu ya Girlfriend ya 2003, ubishi ule ulistahili kupata uwanja mpana zaidi. Marekani, tangu 1975, Gene Siskel na Roger Ebert walionyesha kipande cha filamu mpya kwenye televisheni ya Chicago, kisha wakavutana juu yake. Kwetu kipande kikawa pambo la mahojiano, na msanii mara nyingi akaulizwa habari za mchumba na bifu. Soko nalo lilichangia: filamu zilikwenda moja kwa moja madukani kwenye diski, sehemu ya kwanza na ya pili, bila siku za maonyesho ya sinema ambazo mhakiki angezisubiri.

Hoja ninayoipinga kwa nguvu ni kwamba tasnia ni changa, ikikosolewa itakufa. Katika soka, Simba na Yanga huchambuliwa kila wiki, bao hurudiwa, beki hulaumiwa kwa jina, na viwanja bado hujaa. Chukua filamu ya Vuta N'kuvute ya Amil Shivji, iliyotokana na riwaya ya Adam Shafi na kufika tamasha la Toronto mwaka 2021. Filamu kama hiyo ilistahili saa nzima ya wachambuzi wawili wasiokubaliana: mapenzi ya Yasmin na Denge yameipa nguvu siasa ya ukombozi, au yameifunika?