Leseni ya Uzeeni
Hapa Uingereza leseni ya motokaa huisha dereva atimizapo miaka 70, kisha huomba nyingine kila miaka 3. Halipi kitu wala hajaribiwi tena barabarani. Hujaza fomu na kueleza mwenyewe kama yu mzima. Lakini sharti aweze kusoma nambari ya gari lililo mita 20 mbele yake.

Fomu yangu ilipofika, nilivaa miwani, nikapima mita hizo nje, nikatazama gari la jirani. Sikusoma hata herufi moja. Hakuna aliyeniona, na kalamu ilikuwa mkononi mwangu. Nikawakumbuka watoto wavukao njia asubuhi kwenda shule. Ufunguo nikampa mwanangu.

Ndugu wanafunzi, mtihani usio na msimamizi ndio mgumu kupita yote.