Lengalenga na Moshi wa Shaba

Kuanzia mwezi wa tano mvua imekatika Lubumbashi. Hapo ba mama wanamwangia lengalenga mayi asubuhi na mangaribi. Lakini mji wetu ulizaliwa na shaba. Kiwanda kiliwasha moto 1911, na upepo wa kusini-mashariki ukapeleka moshi wake Penga-Penga. Shaba, risasi na kadimiamu vikabaki ndani ya udongo. Kuosha majani kunatoa vumbi tu. Kile mzizi umekwisha kunywa hakitoki. Basi, tusichote mayi ya mto unaopita kando ya kiwanda. Tuinue matuta kwa udongo safi wa mbali, tuchanganye chokaa na mbolea ya mifugo. Watoto wanakula bukari na lengalenga kila siku. Tuangalie udongo kwanza, mbele ya kumwanga mayi.