Siku Inaanza Lini Lungoni?

Vijana wengi tunaobuni ulimwengu wetu kwenye hadithi huwa tunaanza na ramani. Tunachora milima, mto, na mji mkuu wenye jina gumu kutamka. Mimi nilianza na kalenda. Mshikaji mmoja wa kijiweni alicheka mpaka akakohoa: "Bwana we, hujaandika hata ukurasa mmoja, tayari unajua sikukuu zao!" Nikamwambia hata J.R.R. Tolkien, mwaka 1955, aliweka nyuma ya kitabu chake kalenda nzima ya wale watu wake wafupi, kila mwezi siku 30. Hakuridhika. Basi ndugu msomaji, labda wewe utaridhika.

Kisiwa changu kinaitwa Lungoni. Hakipo duniani, usikitafute. Mwezi wake unakwenda mbio kuliko wetu: toka kuandama hadi kuandama tena ni siku 20. Bamvu linakuja mwezi ukiandama na ukiwa mpevu, kwa hiyo wana bamvu kila siku ya 10, na wiki yao ndiyo hiyo, bamvu hadi bamvu. Wanawake wa mwani wanashinda pwani maji yakikupwa mbali. Maji yakiwa mafu ndipo wanasukana, wanaoza watoto, wanagombana. Kuhesabu kwa kumi kumi si jambo geni kwetu. Mwaka wa kale wa Waswahili, ambao sikukuu yake bado inachezwa Makunduchi kila Julai kwa jina la Mwaka Kogwa, ulihesabiwa kwa miongo ya siku kumi kumi.

Lakini kalenda ikishaingia watu, kuna anayefaidika na kuna anayeumia. Wafaransa walileta wiki ya siku 10 mwaka 1793, baada ya mapinduzi yao. Kwenye karatasi ilipendeza: siku moja saa 10, saa moja dakika 100. Mfanyakazi akapiga hesabu yake: zamani alipumzika siku moja katika 7, sasa moja katika 10. Zile saa hazikufika mbali, zilisimamishwa 1795, na kalenda yenyewe ikafutwa kuanzia Januari 1, 1806. Mwaka 1929 Urusi ya Kisovieti nayo ikaleta wiki ya siku 5. Wafanyakazi waligawanywa kwa makundi ili mashine zisilale, na kila kundi lina siku yake ya kupumzika. Mume akiwa nyumbani, mke yuko kiwandani. Wiki ya siku 7 ilirudi 1940. Hizo ni hadithi tayari, hazihitaji hata joka.

Kwangu mimi swali zito lilikuwa moja: siku ya Lungoni inaanza lini? Wengi wetu tukiandika ulimwengu wa kubuni tunaianzisha saa sita ya usiku bila kufikiri, kama saa ya ukutani inavyotaka. Lakini lugha yetu wenyewe haihesabu hivyo. Saa moja yetu inakuja jua likishachomoza, na saa moja nyingine likishazama. Na kwa wazee wa pwani jua likizama siku imekwisha. Alhamisi jioni tayari ni usiku wa Ijumaa.

Hili nililijua msibani. Bibi yangu alifariki Alhamisi, saa mbili za usiku. Wazee wakasema kwa furaha ya majonzi: amekwenda usiku wa Ijumaa, usiku mwema. Cheti kikaandikwa Alhamisi. Hakuna aliyekosea. Lakini binamu yangu anayefanya kazi bara aliomba ruhusa kwa kufuata cheti, na wazee wakahesabu arobaini kuanzia Ijumaa. Akafika, akalala, asubuhi ruhusa imekwisha. Alipanda basi wakati masufuria ya hitima ndiyo kwanza yanabandikwa jikoni. Mjomba alimshika mkono akamwambia, "Nenda mwanangu, dua haina tarehe." Binamu akaitikia, "Ndiyo, Mjomba," lakini aliondoka analia. Siku moja tu ile, na huwezi kuikopa popote.

Kwa hiyo Lungoni siku inaanza jua likizama. Halafu nimewaletea mgeni, mwenye vyombo vya kukodisha, aliyekuja na saa yake ya usiku wa manane. Mtu huyu anazo kalenda mbili, moja ya kukopesha na moja ya kudai. Mama mmoja wa mwani anadaiwa, na deni mwisho wake ni siku ya nne. Anafika mlangoni na fedha kamili siku ya nne hiyo hiyo, jua limezama punde tu. Kwa saa ya mgeni, mama amewahi. Kwa hesabu ya kisiwa, siku ya tano imeshaingia. Mgeni, ambaye miaka yote amewacheka kwa hesabu yao ya kizee, anatazama magharibi, anatabasamu, anasema: "Umechelewa, mama. Si ndiyo desturi yenu?"

Hapo ndipo nilipofika. Mama bado amesimama mlangoni, fedha ziko kwenye pindo la kanga. Namwandikia jibu lake, na nataka alitoe kwa kalenda ya nyumbani kwake.